Parsele Isiyo na Rangi

Chini kidogo ya Karuba, pale njia inapogawanyika, moja ikipanda vilimani na nyingine ikishuka upande wa msitu, palikuwa na ubao wa lori uliolazwa juu ya mawe mawili meusi ya volkano. Huo ndio uliokuwa ubao wa kijiwe. Mama Annonciata alichemsha kahawa hapo kila siku isipokuwa Jumapili, kahawa ya punje zilizovunjika, zile ambazo mashamba ya wazungu huzikataa, na wanaume wa kilima waliinywa na uchungu wake huku wakikata kesi za dunia nzima. Ubao ule ulikuwa umekwisha kuamua kwa nini mvua ilichelewa, kwa nini ng'ombe wa padri hazai, na nani hasa alianza vita ya wazungu. Lakini asubuhi ile ya mwezi wa nne, mwaka wa hamsini na mbili, ukungu ukiwa umelala hadi magotini, kesi iliyoletwa haikuwa ya dunia. Ilikuwa imelazwa majanini, hatua tano nyuma ya ubao, ndani ya ngobyi, imefunikwa kikwembe.

Aliyelala mle ni Emérita, mke wa Sebahire. Ilikuwa siku yake ya nne ya homa. Shingo ilikuwa imekakamaa, mwanga ulimchoma macho, na tangu siku ya pili alikuwa akiongea na Joséphine-Marie, binti yao wa miaka sita, aliyezikwa kabla ya Noeli.

Ngobyi ni kitanda cha kusuka chenye miti miwili mirefu, na wanaume wanne huiweka mabegani. Watu wa kilima kile walikuwa na sheria zao za kuibeba. Mgonjwa hufunikwa uso, wala hasemeshwi njiani, ili nguvu zake zisiishie kwenye maneno. Tena ngobyi haigeuzwi. Inayogeuka njiani ni ile iliyobeba maiti. Kwa hiyo, penye njia panda, mabega yote manne lazima yakubaliane kabla ya kuinua. Na asubuhi ile bega moja lilikuwa limekataa.

— Mimi kule juu sipandi, alisema Athanase, akijitupa kwenye ubao. Munisamehe.

Athanase alikuwa mwindaji, mtu wa misitu ya Walikale, aliyekuja vilimani kuoa akabaki. Kijiweni walimwita Pinga, kwa jina la mahali alikotoka.

— Pinga! Jana jioni tulikubaliana, alisema Barthélemy. Hopitali ya masista. Tukitoka sasa, mbele ya jua kulala tumefika.

— Jana haukusema ile mambo ya sindano.

Barthélemy alijikuna shingo. Miaka saba alikuwa amefagia katika hospitali moja kubwa kule ziwani, akarudi na kofia nyeupe na maneno mengi. Ndiyo maana wakamwita Dokta Fagio.

— Nilisema kweli tu. Muntu wa homa ya shingo, munganga anamulaza ku ubavu, anamukunja kama mutoto ndani ya tumbo, anamuchoma sindano mu mugongo, anatoa maji. Ile maji inatoka mu kichwa.

— Munasikia! Athanase akapiga goti lake. Maji ya kichwa! Na ikiisha kutoka, mu kichwa inabakia nini?

— Mama Annonciata, tupatie kahawa, alisema wa tatu, Hakorimana, mchinjaji wa ng'ombe, mtu mnene wa sauti ndogo, ambaye kijiwe kizima kilimwita Shoka. Hii mambo haiongewe na koo kavu.

Wa nne alikuwa Sebahire mwenyewe. Yeye hakukaa. Alisimama kwenye ncha ya ubao, mgongo wake ukiielekea ngobyi, akapokea kikombe cha bati bila kuangalia nani aliyempa.

— Sikilizeni, alisema Barthélemy, akishusha sauti. Niko na kitu sijasema bado ku muntu. Mu biro, chumba ya kazi ya munganga mukubwa, kulikuwa picha ya kichwa, kubwa kama mulango. Kichwa imepasuliwa, unaona ndani yote. Na bameipaka rangi kama vile banapaka karata, ile ramani ya maplantasio. Hapa nyekundu, hapo njo macho. Hapa ya majani, njo mikono na miguu. Kila parsele, kila kipande, na rangi yake, na jina yake ya Kifaransa.

— Sasa?

— Sasa kule nyuma, chini, karibu ya shingo, kulikuwa kaparsele kamoja, kadogo kama punje ya haragi. Hakana rangi. Hakana jina. Keupe tu. Miaka saba nilipanguza vumbi ku ile picha, Papa. Miaka saba, na bazungu habakuandika kitu.

— Pengine rangi iliwaishia, alisema Mama Annonciata akichochea moto.

— Mama, rangi ya bazungu haiishake! Niliuliza anfirmie mumoja wa kutunza bagonjwa, Théophile, muntu wa kusoma. Akaniambia: hapo hatujajua bado kazi yake. Nikanyamaza. Lakini moyoni nilisema: mie najua. Hapo njo bafu banapita, bale bantu balikwisha kufa.

Ukungu ulisogea kidogo. Hakuna aliyecheka. Kutoka nyuma yao, chini ya kikwembe, sauti ya Emérita ilikuwa ikitambaa, ndogo, haipandi haishuki, kama ya mtu anayeongea huku akichambua mboga. Wanaume waliinamisha vichwa, kama wanavyofanya kanisani, wakangoja. Sauti haikukoma. Basi wakaongea juu yake.

— Iko kweli, alisema Hakorimana. Mie nimepasua vichwa vya ng'ombe, sijui ngapi. Kule nyuma kunakuwa kapunje, kagumu kidogo. Ng'ombe iko nako. Njo maana ng'ombe anasimama mu malisho, anaacha kutafuna, anaangalia pahali hapana kitu. Mushawahi kuona?

— Tunaona kila siku.

— Haangalie bure. Anaangalia bafu.

— Bafu gani ya ng'ombe, Shoka?

— Ng'ombe benzake. Bale mie nilichinja.

— Kumbe wewe banakungoja bengi! alisema Athanase, na hapo walicheka, kicheko kifupi kilichokatika chenyewe walipokumbuka nani yuko majanini.

Sebahire hakucheka. Kahawa ilikuwa ikipoa mkononi mwake. Parsele, aliwaza. Kadogo kama punje ya haragi. Tangu juzi alikuwa akitafuta jina la jambo lililokuwa likitokea nyumbani kwake, na sasa Dokta Fagio amempatia, pamoja na mahali na ukubwa. Alipandisha mkono taratibu, akajigusa kisogoni. Hapakuwa na kitu. Mfupa tu, na nywele zilizoloa ukungu.

— Mie nitawaambia kwa nini haina rangi, alisema Athanase. Bazungu banapaka rangi ile banaisha kupima. Ni hivi ao si hivi? Huku kilima chenu banapita na munyororo, banapima, banapanda mawe ya mupaka, kisha njo unaona rangi ku karata. Sasa ile haina rangi, basi haijapimwa. Na kama haijapimwa, ingali yetu.

Hapakuwa na hata mmoja pale ambaye hakuwa ameuona mnyororo wa wapimaji ukipita katikati ya mtama wake.

— Yetu, alisema Hakorimana polepole. Parsele ya mwisho.

— Njo maana ya sindano! Athanase alisimama. Munafikiri banatafuta maji? Maji iko mu kila mutoni! Banaingiza sindano kupima ile pahali. Leo sindano, kesho munyororo, kesho kutwa utasikia mu kichwa yako mwenyewe kuna kapita, musimamizi wa plantasio, na viboko.

— Pinga, unapita mupaka, alisema Hakorimana.

— Mupaka gani? Si nasema banakuja kuipanda!

— Bafu bako ku volkano, alisema Barthélemy, ambaye hakupenda parsele yake ichukuliwe na mtu mwingine. Hata bazee banasema vile. Muntu akikufa, moshi wake unaenda mule ndani ya mulima wa moto. Sasa ile parsele njo shimo ya kuvuta moshi. Homa ikipanda, mulima unapumua, moshi unarudi kwa kichwa. Njo vile mama Emérita anasikia mutoto.

— Kutoka ku volkano mupaka hapa? Bila karatasi ya njia?

— Bafu habaombe karatasi.

— Hapana! Huku kila muntu anaomba karatasi, alisema Hakorimana. Mie kwenda kwa dada yangu Bweremana niliomba karatasi. Kama bazima banaomba, bafu bataachaje kuomba? Kule lazima kuko karani wa kuandika. Na mutoto wa miaka sita, nani alimupa karatasi ya...

Akaishia hapo. Mama Annonciata alikuwa amemtazama kwa jicho moja tu, na lilitosha.

Maji ya kahawa yalitokota. Sebahire aliweka kikombe chini.

— Papa Barthélemy.

— Ndiyo, kaka.

— Ile maji wakiitoa. Ile parsele itafanya nini?

Barthélemy hakujua. Uso wake ulionyesha wazi kwamba hajui. Lakini alikuwa ameketi kwenye ubao ule miaka mingi mno kusema hivyo.

— Itakauka, alisema. Kama shamba. Homa itapoa, shingo italegea, atakula, atalima. Atapona, kaka. Lakini kule nyuma kutafungwa. Mutoto hatakuja tena.

— Unaona! alisema Athanase. Lakini kwetu kuko mujomba wangu, karibu ya Pinga, anajua majani. Yeye hafunge kitu. Anaweka majani ku kisogo, anaongea na mutoto pole pole, anamuomba apunguze kuja. Apunguze tu. Mama anapona, na mutoto anabakia na njia yake.

— Siku mbili mu matope! Mama Annonciata alilipuka. Na shingo ile?

— Mama, siku mbili si mwaka.

— Kwa homa ni mwaka!

— Shoka, bega yako iko wapi? aliuliza Barthélemy.

Hakorimana alijaza mashavu hewa, akaitoa.

— Mie nilikuwa juu. Sasa... nabebaje muntu kwenda kumukatisha na mutoto wake? Bega yangu iko kwa Sebahire. Yeye njo mwenye mugonjwa. Aseme.

— Ndiyo, aseme.

— Sema, kaka.

Sebahire aligeukia njia panda. Yote mawili aliyaona kama yamelazwa mbele yake. Huku juu, mke aliyepona, mikono yake ikipukuchua mahindi, na nyumba iliyo kimya kabisa. Huko chini, siku mbili za matope, na sauti ile ikiendelea. Joséphine-Marie alikufa wiki ile ambayo yeye alikuwa kwenye kuchuma kahawa ng'ambo ya pili ya ziwa. Habari ilimfikia Alhamisi. Alipofika nyumbani, udongo wa kaburi ulikuwa umekwisha kukauka juu. Hakumwona. Hakumshika mguu. Na sasa, kama maneno ya kijiwe ni ya kweli, mtoto alikuwa akija kila siku hadi ndani ya nyumba yake, hadi ndani ya kichwa cha mke wake, mahali padogo kama punje ya haragi. Nani angemwambia baba aende kuifunga?

— Mama, niongezee kahawa, alisema.

Ndivyo ukungu ulivyopanda na kuondoka, wakanywa kikombe cha pili, na cha tatu. Kila aliposhindwa kusema, wenzake walimsaidia kwa maneno mengine. Barthélemy alidai kwamba mtoto anamfundisha mama yake majina ya dawa. Athanase alidai kwamba si mtoto peke yake, ni wazee wa ukoo wote, wamejipanga nyuma yake kama siku ya kuhesabiwa watu, na wana ujumbe juu ya mashamba. Hakorimana, kwa sauti yake ndogo, alisema kwamba anaogopa jambo moja: pengine mtoto anamtajia mama nani atafuata. Baada ya hapo walikaa wakitazama vidole vya miguu yao, na nyuma yao sauti iliendelea, nyembamba kuliko ilivyokuwa alfajiri.

Ndipo akaja mwanamke mmoja mgeni, amebeba kapu la samaki wadogo waliokaushwa, amepanda kutoka ziwani. Aliweka kapu chini, akasalimu, akaomba kahawa.

— Inabaki machicha tu, dada, alisema Mama Annonciata. Hawa babeba mizigo wameimaliza.

— Hata machicha nitakunywa. Mie naitwa Colette, natoka Bweremana. Nani iko mule ndani?

Walimweleza. Walimweleza wote kwa pamoja, picha na rangi, ng'ombe na volkano, mnyororo na sindano na majani ya mjomba, kila mmoja akimrekebisha mwenzake, na Barthélemy akachora hata kichwa mavumbini kwa kijiti. Colette alisikiliza kikombe kikiwa mdomoni. Walipokwisha, alitazama kile kichwa cha mavumbini, akatazama ngobyi.

— Na anamuambia nini? aliuliza.

— Nani?

— Huyu mama. Yule mutoto wake. Anamuambia nini?

Barthélemy alimtazama Athanase. Athanase alimtazama Hakorimana.

— Dada, huku kwetu mugonjwa wa ngobyi hasemeshwe, alisema Hakorimana. Njo sheria.

— Sikusema mumusemeshe. Niko nauliza anasema nini. Tangu siku ya pili anaongea, mumesema ninyi. Alfajiri mumemubeba ku mabega, kichwa chake karibu ya masikio yenu. Asubuhi yote iko hapa nyuma. Anasema nini?

Mama Annonciata aliacha kusugua sufuria. Kijiwe kilichowahi kujua nani alianza vita ya wazungu hakikujua hili, na macho yote, moja baada ya jingine, yakamwendea Sebahire.

— Sijui, alisema.

— Wewe njo bwana yake?

— Ndiyo.

— Na hujui?

— Kila akianza, nilikuwa natoka inje. Nasema naenda kuangalia ng'ombe. Nilikuwa nasikia sauti nyuma ya ukuta. Maneno sikusikia.

— Kwa nini, Papa?

Hapakuwa na ukali katika sauti ya mwanamke yule, na pengine ndiyo sababu alijibu.

— Niliogopa mutoto ataniuliza nilikuwa wapi.

Sebahire alizunguka ubao. Hatua zile tano alizitembea kama mtu anayevuka mto asioujua kina. Alipiga magoti majanini, akainua ncha ya kikwembe, akaingiza kichwa chake chini yake, ndani ya giza lile la joto lenye harufu ya homa. Macho ya Emérita yalikuwa wazi nusu, hayamwoni. Midomo ilikuwa imepasuka, na bado ilikuwa ikienda. Aliweka sikio karibu hadi pumzi yake ikamchoma.

— Usifunge, Emérita alikuwa akisema. Usifunge mulango, mama yangu. Papa yako angali inje. Mvua inakuja. Usifunge. Papa yako angali inje.

Basi. Hapakuwa na majina ya dawa. Hapakuwa na wazee wa ukoo, wala jina la atakayefuata. Mwanamke alikuwa nyumbani kwake jioni, na mtoto alikuwa amesimama mlangoni, na walikuwa wakimngoja mtu mmoja.

— Niko hapa, alisema Sebahire. Emérita. Nimeingia.

— Usifunge, mama yangu. Papa yako angali inje.

— Nimeingia, nakuambia. Niko ndani.

Maneno yalirudi yale yale, kwa sauti ile ile, lakini mafupi zaidi, kama uzi unaokatwa kidogo kidogo mwishoni. Alimwambia tena mara tatu. Kisha alitoa kichwa nje, na mwanga ukampiga usoni.

— Maji, alisema.

Colette alikuwa amekwisha kufika na kibuyu. Alilowesha ncha ya kitambaa chake, akaigusisha kwenye midomo ile. Aliugusa pia uso, akashika shingo kwa upole, akaondoa mkono haraka.

— Ninyi wanaume, alisema polepole. Mungekuwa mumekwisha kufika kilima cha pili.

Sebahire alisimama, akashika mti wa ngobyi upande wa kichwa.

— Juu, alisema. Hopitali.

— Na ile parsele, kaka? aliuliza Athanase. Hakuwa akibishana tena. Aliuliza kama mtoto anavyouliza. Ikikauka?

— Ikauke. Mutoto wangu nilimuchelewa, Pinga. Huyu sijui kama nimemuchelewa. Inua.

Athanase alipanguza mikono kwenye suruali yake, akaja, akainama kwenye mti wa pili. Hakorimana na Barthélemy walishika upande wa miguu. Ngobyi ilipanda mabegani kwa mlio mmoja wa mianzi, na waliiona kuwa nyepesi kuliko ilivyokuwa alfajiri, lakini hakuna aliyelisema hilo. Walishika njia ya vilima. Jua lilikuwa limekwisha kuwa kali na udongo ulikuwa ukiteleza.

Kwenye mwinuko wa kwanza Sebahire alianza kumsemesha. Wengine walisikia, sheria wanaijua, na wakanyamaza. Alimwambia kwamba ndama anakula vizuri. Alimwambia kwamba maharagi ya upande wa mtoni yameanza kuchanua, kwamba jirani Thacienne amechukua kuku wote wawili kuwatunza, kwamba mvua haijaanza, kwamba amefunga kuni, kwamba yuko ndani. Chini ya kikwembe hapakuwa na sauti tena. Kila baada ya maneno machache alinyamaza, akiinamisha sikio kwenye mti, akapiga hatua tatu, nne, akisikiliza. Kisha akaendelea, kwa sauti kubwa zaidi kidogo.